Sokwe Hacheki

Siku ya pili ya Idi wajukuu wangu walikaa mkekani barazani, vichwa vyote sita vimekutana juu ya simu moja, wakicheka hadi kutokwa na machozi. Nikaitwa. "Babu, njoo uone!" Nikavaa miwani, nikainama. Kwenye kioo cha simu alikuwamo mtoto wa sokwe, kavalishwa suruali fupi na kofia, anaendesha baiskeli ya magurudumu matatu kuzunguka jukwaa. Kila alipomaliza mzunguko alisimama, akainama mbele ya watu, akatoa meno yote nje mithili ya mtu anayecheka. Watu wasioonekana wakapiga makofi.

Mjukuu wangu wa nne, binti wa miaka tisa ambaye hapitwi na jambo, akaniuliza, "Babu, mbona hucheki?"

Sikumjibu. Jibu lake ni refu kuliko subira ya mtoto siku ya Idi, basi naliandika hapa, alisome atakapokua. Na wewe msomaji usitarajie niseme kwa sauti ya chini. Jambo hili nimelibeba tumboni kwa zaidi ya miaka hamsini, na sehemu kubwa ya hasira yangu ni ya kujikasirikia mwenyewe.

Mimi ni mtoto wa mwambao wa Ziwa Tanganyika, kaskazini ya mji wa Kigoma. Baba yangu alivua dagaa na migebuka. Usiku ziwa lilijaa taa za karabai kama mji ulioelea, na alfajiri, mitumbwi ikirudi, tulisikia kutoka milimani sauti za sokwe wakiitana: kwanza chini chini, halafu juu, halafu kelele za kundi zima, kisha kimya. Wazee walituambia ni watu wa zamani waliokimbilia msituni. Jirani zetu wa ng'ambo ya ziwa, huko Kongo, humwita sokomutu, yaani sokwe aliye kama mtu. Hatukuwapenda sana, maana mtoto hakuruhusiwa kwenda peke yake kwenye mabonde yao, lakini hakuna hata siku moja niliyomsikia mtu mzima wa kijijini kwetu akiwadhihaki. Walikuwa na milima yao, nasi tulikuwa na pwani yetu.

Nilikuwa na miaka kumi Jane Goodall alipofika Gombe, Julai 1960. Mwaka huohuo alimwona sokwe dume akichomeka jani la nyasi kwenye kichuguu na kulitoa limejaa mchwa, akala. Wataalamu wa Ulaya walishtuka, kwa sababu walikuwa wamejiaminisha kwamba ni binadamu peke yake mwenye kutengeneza na kutumia zana. Wazee wetu wasingeshtuka.

Mwaka 1974 nilipelekwa Uingereza kwa masomo ya ualimu. Nilipanga chumba katika nyumba ya mama mmoja mjane, pamoja na wapangaji wengine watatu, na kila jioni tulikaa sebuleni mbele ya televisheni. Wakati huo kampuni moja ya majani ya chai ilikuwa ikitumia sokwe kwenye matangazo yake. Matangazo ya namna hiyo yalianza mwaka 1956 na hayakukoma mpaka 2002. Sokwe walivalishwa magauni, makoti na kofia, wakapewa vikombe, wakawekewa sauti za watu. Tangazo moja lilionyesha sokwe wawili wapagazi wakiteremsha piano kwenye ngazi. Nchi nzima ililipenda. Nami nililipenda. Nakiri mbele yako msomaji, nilicheka kwa sauti kuliko wote.

Mpaka jioni moja mpangaji mmoja, kijana mchangamfu tu, akanigeukia na kusema, huku akicheka, kwamba bila shaka nimefurahi kumwona binamu yangu.

Sebule ilikaa kimya kidogo. Kisha mama mwenye nyumba akauliza nani anataka chai zaidi. Na mimi nilifanya nini? Nilitabasamu. Nilitoa meno yangu nje, nikatabasamu. Usiku kitandani nilikuwa nawaka moto wa hasira, na jambo la aibu ni hili: sikumkasirikia yule kijana. Nilimkasirikia sokwe. Nilijiambia, mnyama huyu mbaya ndiye anayenifuata mpaka huku kuniaibisha. Tangu siku hiyo tangazo lilipoanza nilitoka kwenda jikoni.

Mwaka uliofuata, wakati wa likizo ya kiangazi, wanafunzi wenzangu walinichukua kwenda mji wa pwani kutazama sarakasi. Walikuwepo farasi, mpanda kamba, mchekeshaji, kisha wakaja sokwe watatu na mwalimu wao. Waliendesha baiskeli, wakavuta sigara, wakapigana ngumi za uongo, mmoja akavalishwa kama bibi harusi. Watoto walipiga kelele kwa furaha. Baadaye, tulipokuwa tukitafuta njia ya kutokea, mimi na mwenzangu tulipotea tukajikuta nyuma ya hema, mahali palipopangwa magari ya wanyama. Katika tundu moja alikuwepo yule bibi harusi, amevuliwa gauni, shingoni ana kola ya ngozi. Alikuwa mdogo, hazidi miaka mitano. Aliponiona alipenyeza mkono kati ya nondo, kiganja juu, akautuliza pale.

Mkono ule naukumbuka. Kucha, mistari ya kiganja, kidole gumba. Sikuushika. Mwenzangu alikuwa pembeni yangu, nami niliogopa atasema nini akiniona nimeshikana mkono na sokwe. Tukaondoka. Nilipogeuka ulikuwa bado uko nje.

Nina wajibu wa kusema nilichojifunza tangu siku ile, maana hasira isiyo na maarifa ni kelele tu.

La kwanza ni hayo meno. Sokwe anayefurahi, anayecheza na mwenzake, hufungua mdomo huku midomo yake ya juu ikiyafunika meno ya juu, na hutoa sauti ya kupumua kwa haraka haraka. Hicho ndicho kicheko chake. Lakini anapovuta midomo nyuma akaonyesha meno yote, ya juu na ya chini, hiyo ni alama ya hofu. Huifanya mbele ya mkubwa anayeweza kumpiga. Waliowatazama Gombe, na waliowatazama Mahale tangu Toshisada Nishida alipoanza kazi yake kule mwaka 1965, wanalijua jambo hili kama mvuvi ajuavyo upepo. Kwa hiyo kile tulichokiita tabasamu katika matangazo, katika kadi za siku ya kuzaliwa, katika simu ya mjukuu wangu, ni uso wa mtoto aliyeogopa. Tumeujaza ulimwengu picha za hofu tukaandika chini yake: furaha.

La pili ni umri. Karibu sokwe wote wa jukwaani ni watoto. Msituni mtoto wa sokwe hunyonya kwa miaka minne au mitano, na huandamana na mama yake kwa miaka mingine kadhaa. Mwaka 1972 mzee Flo wa Gombe alipokufa, mwanawe Flint, aliyekuwa na umri wa miaka minane na nusu, aliacha kula, akajikunyata, na kabla ya mwezi kwisha naye akafa. Huyo alikuwa mkubwa tayari. Sokwe wa jukwaani alitenganishwa na mama yake angali akibebwa. Na kabla ya sheria kubana, alitenganishwa kwa njia moja tu iliyo rahisi: mama alipigwa risasi, pamoja na mwingine yeyote aliyejaribu kumtetea mtoto, kisha mtoto akang'olewa kwenye maiti. Kila baiskeli ndogo jukwaani ina kaburi nyuma yake.

La tatu ni mafunzo yenyewe. Wenye kazi hiyo husema wanatumia ndizi na upendo. Lakini wapo waliong'olewa meno ili wasiume, na ulimwengu hauna dawa ya meno ya namna hiyo kwa mtu umpendaye. Sokwe akifika miaka sita au minane nguvu zake zinaanza kumshinda mwalimu, na hapo kazi inakwisha. Wengi waliishia kwenye maabara za kujaribia dawa, au katika vitundu vya kando ya barabara. Sokwe aliyetunzwa anaweza kuishi miaka hamsini na zaidi. Fanya hesabu mwenyewe, msomaji: kazi miaka mitano, kifungo miaka arobaini na mitano. Hata mhalifu mkubwa husomewa shtaka kwanza.

Na la nne linanichekesha kicheko kichungu. Bustani ya wanyama ya London ilianza mwaka 1926 kuwaandalia sokwe karamu ya chai mbele ya watazamaji, na desturi hiyo ilidumu mpaka 1972. Shida iliyowapata waandalizi ni kwamba sokwe walijifunza upesi mno kunywa chai kwa adabu, na watazamaji wakakosa cha kucheka. Ikabidi wafundishwe kumwaga, kunyang'anyana na kuchezea birika. Yaani mnyama alionyesha adabu, na binadamu akamfundisha utovu wa adabu ili apate kusema: tazameni, hana adabu! Nyani haoni kundule, na hapa nani nyani?

Sasa niwajibu watetezi wa michezo hii, maana nimewasikia mara nyingi, tena wengine ni ndugu zangu.

Wanasema sokwe hao walipendwa, walilala vitandani, walikula mezani na wenye nyumba. Kweli, wengine walipendwa. Kule Stamford, Connecticut, Marekani, kulikuwa na sokwe mmoja aliyewahi kuonekana kwenye matangazo na vipindi vya televisheni, aliyelelewa kama mtoto wa nyumbani. Tarehe 16 Februari 2009 alimrarua uso na mikono rafiki wa mwenye nyumba, naye akapigwa risasi na polisi akafa. Upendo wa kumfanya mtu asiwe alivyo una hatari kwa anayependwa na kwa anayependa. Mwaka 2014 watafiti wa bustani ya wanyama ya Lincoln Park, Chicago, walionyesha kwamba sokwe waliolelewa utotoni na watu badala ya sokwe wenzao, wawe wa nyumbani au wa maonyesho, hata wakiwa watu wazima hawashiriki sawasawa katika kuchanana manyoya, jambo ambalo kwa sokwe ndilo salamu, ndilo suluhu, ndiyo mazungumzo ya barazani. Waliwafundisha kupanda baiskeli, wakawanyima lugha ya kwao.

Wanasema tena: wamekwisha kuzoea, hawawezi kurudi msituni. Hapa Tanzania yetu ina ushahidi. Kati ya mwaka 1966 na 1969 Shirika la Wanyama la Frankfurt, chini ya Profesa Bernhard Grzimek, lilileta sokwe kumi na sita hivi kutoka Ulaya na kuwaachia kwenye kisiwa cha Rubondo, Ziwa Viktoria. Walikuwa wazaliwa wa misitu ya Afrika Magharibi, waliouzwa huko Ulaya kwenye bustani za wanyama na sarakasi. Hakuna aliyewafundisha tunda gani linalika wala tawi gani linafaa kwa kitanda. Kisiwa kile hakikuwa hata kwao, na hakikuwa na sokwe mwenyeji wa kuwaelekeza. Lakini walijifunza kula, wakajenga viota, wakazaa. Leo kizazi chao kiko pale, makumi yao, wakiwakimbia watu kama sokwe yeyote mwenye akili. Sisemi kila sokwe wa sarakasi angeweza. Aliyekaa tunduni miaka thelathini anahitaji mahali pa kutunzwa kwa heshima, kama kituo cha Wauchula, Florida, kinachopokea waliokuwa wasanii wa televisheni na sarakasi. Ninachosema ni kwamba maneno "hawawezi kurudi" yasitolewe na yule aliyewafungia mlango.

Wanasema watoto hujifunza kupenda wanyama. Mtoto anayemwona sokwe amevaa suruali hajifunzi kitu kuhusu sokwe. Anajifunza kwamba aliye dhaifu amewekwa duniani ili atuchekeshe. Na kama ni burudani tu inayotakiwa, tangu mwaka 2011 tumeona filamu kubwa kuhusu sokwe ambamo hapakuwa na sokwe hai hata mmoja. Waigizaji wa kibinadamu walifanya kazi hiyo kwa msaada wa kompyuta, wakalipwa, jioni wakarudi nyumbani kwao.

Kisha wapo wenzangu wa hapa kwetu wanaoniambia: mzee, hayo ni mambo ya Wazungu, sisi tuna shida zetu. La hasha! Mali iliyouzwa ilitoka kwa nani? Kati ya mwaka 2007 na 2012 sokwe zaidi ya mia moja walisafirishwa kutoka Guinea kwenda China kwa vyeti vilivyosema wamezaliwa mikononi mwa wafugaji, na Guinea haikuwa na mahali popote pa kuzalishia sokwe. Vyeti hivyo vilitoka nchini Afrika. Mpaka mwaka 2013 ndipo biashara hiyo ya Guinea iliposimamishwa na mkataba wa kimataifa wa CITES. Na tusisingizie walio mbali. Bujumbura, karibu kabisa na nyumbani kwetu, sokwe aitwaye Poco aliwekwa miaka tisa katika tundu jembamba lililotundikwa juu ili avute wateja wa biashara. Tundu lilikuwa dogo hata ikambidi asimame, na alipookolewa na kupelekwa Sweetwaters, Kenya, aliendelea kutembea wima kama mtu. Wageni waliiona ajabu hiyo wakapiga picha. Mimi naiona kama kovu. Na Septemba 2022, Lubumbashi, watoto watatu wa sokwe waliibwa kutoka kwenye kituo kilichokuwa kimewaokoa, wezi wakataka fidia. Mwizi hajisumbui na kitu kisicho na mnunuzi, na mnunuzi huanza kwa kutazama picha na kucheka.

Nimelibakiza la mwisho kwa sababu ndilo linalouma. Yapo maneno ambayo Mwafrika hupenda kuyasema kwa chini chini: achana na sokwe, wamekwisha kututukana naye vya kutosha, ukimtetea utaonekana ndugu yake. Nimeyasema mwenyewe moyoni, usiku ule wa 1974. Lakini tazama historia inasema nini. Septemba 1906, katika bustani ya wanyama ya Bronx, New York, kijana wa Kimbuti kutoka Kongo, Ota Benga, aliwekwa kwenye nyumba ya nyani pamoja na orangutani, umati ukaja kumtazama. Wachungaji weusi wa mji ule ndio waliopaza sauti mpaka akatolewa. Hakurudi kwao. Machi 1916 alijiua kwa bastola. Waliomweka pale hawakuanza na yeye. Walianza na mnyama, wakauzoesha umma kumwangalia kiumbe nyuma ya nondo na kucheka. Jicho likishazoea, kumbadilisha aliyeko nyuma ya nondo ni kazi ndogo sana.

Tusi la yule kijana liliniuma kwa sababu mimi naye tulikuwa tumekubaliana kwanza kwamba sokwe ni wa kudharauliwa. Bila makubaliano hayo lisingekuwa tusi. Angeniambia "binamu yako" nami ningejibu: naam, na wako pia, kisha tuzime televisheni. Badala yake nilitoa meno. Sasa nimejua maana ya meno yale. Mimi na sokwe wa kwenye tangazo tulikuwa tukifanya jambo moja, kwa sababu moja. Huenda hata majani ya ile chai yalichumwa Kericho au Mufindi. Chai yetu, sokwe wetu, kicheko chao, na mimi nikitabasamu nisije nikaonekana mkorofi.

Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu. Lakini wapo pia binadamu waliochomwa mkuki uleule, na hao hawana udhuru wa kusema hawaujui uchungu wake. Sisi ndio tunaopaswa kuwa wa kwanza kukataa. Tunajua kuonyeshwa ni nini.

Kwa hiyo, mjukuu wangu, hili ndilo jibu. Sikucheka kwa sababu mtoto yule hakuwa anacheka. Nakuomba mambo mawili tu. Picha ya namna ile ikikujia tena, usimtumie mwenzako, maana kila anayeitazama anaongeza bei ya mtoto mwingine aliye msituni. Na likizo ijayo, Mungu akitupa uhai, nitakupeleka nyumbani kijijini, tukae ufukweni alfajiri mitumbwi ikirudi. Misitu imepungua sana na siwezi kukuahidi. Lakini kama bado wapo kwenye milima ile, utawasikia wakiitana. Wala hawatakuwa wakitufanyia onyesho.